Leseni Haingoji Mgeni wa Heshima

Siku yangu ya kwanza kazini nilikemewa kwa kufunua kompyuta. Nilikuwa nimetoka Kitale na cheti changu ndani ya bahasha, miguuni nimevaa viatu vya dada yangu, nikafika ofisi ya ugavi ya shirika letu pale Lodwar kabla ya watu wote. Askari alinifungulia mlango. Juu ya meza kubwa kulikuwa na kitu kimefunikwa kitambaa cheupe cha kufuma, vile vya kina mama kufunikia viti vya sebuleni. Nikainua ncha moja nichungulie.

"Wewe! Nani amekuambia ufunue hiyo?"

Alikuwa Mkuu wa Ugavi, bosi wangu mpya, amesimama mlangoni na mkoba kwapani. Nikamwambia nilitaka tu kuona ni kompyuta ya aina gani.

"Ni ya aina ya ofisi," akasema. "Keti pale."

Nikaketi. Nilipopata ujasiri wa kuuliza hiyo kompyuta inafanya kazi gani, ndipo niliposhtuka kwelikweli. Haikuwa inafanya kazi yoyote. Ililetwa mwaka uliotangulia, na ilikuwa inangoja mkubwa fulani kutoka Nairobi aje aikabidhi rasmi. Barua zote za ofisi zilipigwa kwa taipureta hapo hapo kando yake, na ikiharibika utepe tunaandika kwa mkono. Salaale! Nilijiambia nimeingia nyumba ya watu wasio na haraka.

Ninyi mnaonisoma leo mmezaliwa mkaikuta kompyuta kwenye simu ya baba, mtacheka. Chekeni tu. Mimi nimefanya kazi ya ugavi Lodwar, Kalemng'orok na Kakuma hadi nywele zikageuka rangi, na nawaambia sikuwahi kuacha kushtuka.

Kazi ya ugavi ni kununulia watu vitu ambavyo hawatakushukuru kwavyo. Kiti kikivunjika ni wewe, kikidumu ni fundi. Utaratibu wenyewe si mgumu. Unaomba kotesheni, yaani karatasi ya bei, kutoka kwa wauzaji watatu, unaziweka pamoja mezani, unalinganisha, unampelekea mkubwa achague. Kwa saruji hakuna maneno, maana mfuko ni mfuko. Kwa mbuzi wa sikukuu unamshika mgongo. Lakini kompyuta, jamani, kompyuta ilinitoa jasho.

Mara ya kwanza nilipolinganisha kompyuta mbili, nilizikuta zimefanana kama mapacha. Kioo kile kile, nguvu ile ile, mpaka rangi. Lakini moja ilikuwa ghali kuliko mwenzake kiasi kwamba nilidhani muuzaji amekosea kuandika. Nikampigia simu Eldoret.

"Dada, hiyo ya bei ya chini ni tupu," akanijibu.

"Tupu vipi? Haina waya?"

"Waya iko. Haina mfumo. Ukiwasha, inakuangalia tu."

Hapo ndipo nilipoanza shule ya kweli. Mfumo endeshi, ambao vijana mnauita OS, ni ile programu kubwa inayoamka kwanza ukiwasha kompyuta. Ndiyo inayopokea agizo lako na kulipeleka panapohusika, kama ni kuandika, kama ni kuchapisha, kama ni kuhifadhi. Bila mfumo una sanduku lenye taa. Na mfumo huo una bei yake, ambayo wengine huificha ndani ya bei ya mashine na wengine hukuachia uigundue mwenyewe ukishafika nyumbani. Halafu kuna leseni, yaani ruhusa ya kuutumia. Hununui mfumo, unanunua ruhusa. Niliposoma hayo nilibaki mdomo wazi. Kwamba nitoe pesa, nibebe kitu mpaka Lodwar, nikiweke mezani kwangu, na bado kina mwenyewe huko ng'ambo? Mturkana akikupa ngamia amekupa ngamia. Hakupi ruhusa ya kumkama.

Nikampelekea Mkuu wa Ugavi habari hizi nikidhani atashtuka pia. Wapi!

"Andika bei ya mashine," akasema. "Hayo mengine ni hewa."

Fomu yetu ya kulinganisha ilikuwa na mstari wa mashine, mstari wa kioo, mstari wa usafirishaji. Mfumo haukuwa na mstari. Nikauchora kwa penseli chini kabisa. Akatoa ufutio kwenye droo, akaufuta, akanirudishia fomu bila neno. Wiki iliyofuata nikauchora tena, naye akaufuta tena. Hatukugombana hata siku moja, ilikuwa tu ni penseli yangu na ufutio wake, na tulienda hivyo miaka.

Tukanunua zile tupu. Muuzaji mwingine wa hapo mjini akaja akatuwekea mfumo bila malipo, anacheka, anatuita wateja wake wa nguvu. Sisi tukashukuru. Alipokuja mkaguzi kutoka makao makuu, akaziwasha moja moja, akatuuliza leseni ziko wapi. Kumbe "bure" ile ilikuwa nakala ya wizi, na shirika zima lingeweza kushtakiwa. Mkuu wa Ugavi aliketi chini polepole akaomba maji. Zikafutwa zote na tukanunua leseni kwa haraka, na cha haraka kwa muuzaji hakina bei ya huruma.

Baadaye nilihamishiwa Kalemng'orok, kituo chetu kidogo kando ya barabara ya Kitale, nikasimamie stoo ya vifaa vya shule. Huko nilipata ruhusa ya kujaribu mfumo wa bure ulio halali, maana upo, umetengenezwa na watu wanaougawa kwa hiari yao na hawampeleki mtu mahakamani. Nikafurahi mno. Nikamwekea karani wetu, Ekai, kijana mtaratibu wa hapo hapo Kalemng'orok. Asubuhi alifika, akawasha, kisha akaja mezani kwangu amenuna.

"Madam, hii kitu imehamisha nyumba," akasema. "Mlango imeweka nyuma. Jiko imeweka kwa kitanda. Sasa mimi nitapikia wapi?"

Nilicheka hadi nikafuta machozi, lakini Ekai hakuwa anacheka. Kazi ililala. Ripoti zilichelewa, printa ikagoma, na katika Turkana nzima sikupata mtu wa kuniambia printa inataka nini. Ilibidi nikae na Ekai mchana baada ya mchana tujifunze pamoja. Alipoizoea, usingemrudisha kwa ule wa zamani hata kwa fimbo. Nikajua kwamba bure nayo hulipwa, ila hulipwa kwa muda wa watu, na muda wa watu ndio ambao wakubwa hawauandiki popote. Hilo ndilo somo nililobeba nilipopandishwa cheo na kupelekwa Kakuma.

Kituo chetu cha Kakuma kilifundisha wakimbizi wa kambini na watu wa mji pamoja, ushonaji huku, uchomeleaji kule. Mkubwa wangu huko alikuwa Meneja wa Kituo, mtu mwema, mcheshi, anayependa sherehe kuliko mshahara wake. Nilimkuta anapanga kufungua chumba cha kompyuta. Alishakisajili hata kwa vyuo vya nje, kiwe mahali pa kufanyia mitihani ya kompyuta. Kilichobaki kilikuwa kompyuta zenyewe.

Ikaja kazi yangu. Kampuni mbili zilikuwa zinashindana, na mashine zao tena mapacha. Ya kwanza ilikuwa ghali, lakini mfumo wake ulikuwa wa kudumu, unakaa na mashine hadi mashine ife. Ya pili ilikuwa rahisi kupendeza, lakini mfumo wake wa kukodi, leseni ya mwaka mmoja, mwaka ukiisha unalipa tena au inajifunga. Ule wa bure sikuweza kuupendekeza, kwa sababu programu ya mitihani ilikuwa haifanyi kazi juu yake. Niliuliza vyuo vyenyewe, wakakataa katakata. Nikachora mstari wangu wa mfumo, safari hii kwa kalamu ya wino, nikatuma Lodwar. Mkuu wa Ugavi, ambaye bado alikuwa kwenye kiti kile kile, akanipigia simu.

"Akiru, hii ya kwanza ni ghali."

"Mkuu, hiyo mfumo wake ni wa kudumu. Ya pili tutakuwa tunalipa kila mwaka."

"Kila mwaka, pamoja na mwaka huu?"

"Mwaka huu umo ndani ya bei. Tutaanza mwaka ujao."

"Basi hiyo ni shida ya mwaka ujao. Mwaka ujao una bajeti yake na una Mungu wake."

"Mkuu, jumlisha miaka mitatu tu uone. Hii rahisi itampita mwenzake. Rahisi hii ni ghali!"

"Miaka mitatu?" akasema, na nilimsikia anacheka. "Wewe na mimi tutakuwa wapi?"

"Tutakuwa hapa hapa kwa simu tunabishana."

Akacheka zaidi, akatia sahihi kwa ile ya pili.

Siku lori lilipofika, nusu ya Kakuma ilikuwa langoni kwetu. Fundi wa muuzaji alishuka, akazifungua kompyuta zote, akazipanga, akaziwasha moja baada ya nyingine tuone kwamba zinafanya kazi. Kila kioo kilipowaka, Meneja alipiga makofi. Kisha zikazimwa, zikafunikwa shuka mpya za buluu, mlango ukafungwa kwa kufuli, na Meneja akaweka ufunguo mfukoni.

Hapo ndipo nilipomfahamu Achol. Alikuwa msichana mrefu kutoka Sudan Kusini, anauza chai na mandazi langoni kwetu asubuhi, na mchana anakwenda zahanati ya kambini kuwatafsiria wagonjwa wasiojua Kiswahili wala Kiingereza. Alinifuata nikiwa nahesabu katoni tupu.

"Ejok, Mama," akanisalimia Kiturkana, kwa heshima.

"Ejok-noi, mwanangu. Unasemaje?"

Akanionyesha barua yake kwenye simu. Chuo kimoja cha uuguzi kilikuwa kimemkubali kufanya mtihani wa kuingia, na mtihani ni wa kompyuta, ufanyiwe kwenye chumba kilichosajiliwa. Kakuma nzima chumba hicho kilikuwa chetu. Tarehe ilikuwa bado mbali, mwaka na siku chache. Akiikosa nafasi, atarudi kupanga foleni upya, na foleni ya wakimbizi kwenye vyuo ni ya miaka.

"Unajua kutumia kompyuta?" nikamuuliza.

"Sijagusa hata moja siku. Ndiyo nataka kuanza leo."

"Na kwa nini uuguzi?"

"Mama, mimi kila siku natafsiri uchungu ya watu. Huyu anasema tumbo, mimi nasema tumbo. Huyu analia, mimi nasimama tu. Nimechoka kusema uchungu. Nataka niitibu."

Nikampenda pale pale. Nikamshika mkono nikampeleka kwa Meneja, nikijua atamfungulia mlango.

"Hapana, hapana," Meneja akasema kwa upole. "Chumba hakijazinduliwa. Tunamngoja Mgeni wa Heshima aje akate utepe. Subira huvuta heri, binti."

"Ngoja ngoja huumiza matumbo," nikamwambia.

"Madam Akiru, tafadhali. Mgeni akute vioo vina alama za vidole? Picha zitatokaje?"

Wasomaji wangu wa mbali mtadhani huyu alikuwa mtu wa ajabu. Sivyo. Kwetu kitu kisichozinduliwa hakiguswi, na kila mtu anaona ni adabu. Nimeona kijiji chenye bomba la maji lililofungwa utepe mwekundu, na kina mama wanalipita na mitungi yao kwenda kuchimba maji mchangani kwenye laga, ule mto mkavu, kwa sababu mheshimiwa hajafika. Wenyewe ukiwauliza, wanakujibu, "Bado haijafunguliwa," na hawana hata hasira. Hasira zote nilizibeba mimi.

Mgeni wetu wa Heshima alikuwa mwenyekiti wa bodi ya shirika, anakaa Nairobi. Alipanga kuja, tukachinja mbuzi, ndege ikaahirishwa. Akapanga tena, mvua ikanyesha milimani, laga zikajaa, barabara ikakatika. Mara akafiwa. Mara akasafiri ng'ambo. Kila mara kina mama wa kambini walifanya mazoezi ya nyimbo, kila mara hema lilikodishwa, na kila mara Meneja aliingia chumbani peke yake kukung'uta vumbi kwenye zile shuka na kutoka anafunga kufuli.

Siku moja nilipita nyuma ya jiko la Achol, nikasimama ghafla. Alikuwa ameketi kwenye debe, magotini ameweka kipande cha katoni, anakigonga kwa vidole huku midomo inatembea. Nikasogea. Ilikuwa katoni ya kompyuta zetu, ile ya kutupwa. Ubavuni mwake kulikuwa na picha ya kompyuta na kibodi yake, kubwa karibu sawa na ya kweli, vitufe vyote vinasomeka. Aliikata picha hiyo kwa kisu. Vitufe vya katikati vilishaanza kuchubuka rangi.

"Haki ya Mungu, Achol! Unafanya nini?"

"Nazoesha vidole, Mama. Fungua macho uone." Akafumba yake, akagonga, akitaja herufi moja moja. "A, K, I, R, U. Nimeandika jina yako."

Nilimrudia Meneja siku hiyo na moto mdomoni. Nilimwambia kuna mtoto anajifunza kompyuta kwa boksi la kompyuta, na kompyuta zenyewe ziko hatua chache kutoka kwake zimelala! Alinisikiliza, akakuna kichwa, akasema mgeni amethibitisha, safari hii ni hakika, Jumanne. Mtihani wa Achol ulikuwa Alhamisi ya wiki hiyo hiyo. Nikajiambia sawa, siku mbili si haba, mwenye kuandika jina langu amefumba macho hatashindwa.

Jumanne mgeni akaja. Waswahili walisema mgeni njoo, mwenyeji apone, na kweli tulijiona tumepona. Kina mama walipiga vigelegele, vijana wa mji wakaruka edonga, ngoma ya Waturkana, mpaka vumbi likafunika hema, mbuzi akaliwa na soda zikafunguliwa. Mgeni wa Heshima akakata utepe kwa mkasi wa chumba cha ushonaji. Tukaingia. Meneja akazivua zile shuka kwa mikono miwili, akabonyeza swichi ya ukutani, na kompyuta zote zikaamka pamoja. Makofi!

Vioo vyote vikaandika maneno yale yale ya Kiingereza, meupe juu ya weusi. Mgeni hakuwa na miwani yake. Akainama mbele ya moja, akakunja macho, akainuka anatabasamu.

"Vizuri sana! Zinatusalimia!"

Makofi tena. Mpiga picha akapiga. Mimi nilikuwa nyuma yao na miwani yangu ninayo. Nikasoma. Nikasoma mara ya pili. Maneno yalisema kwamba muda wa leseni ya mfumo huu umekwisha, wasiliana na muuzaji wako.

"Madam," Meneja akaninong'oneza bila kuacha kutabasamu, "mbona zote zinasema kitu kimoja?"

"Zinasema zimefungwa."

"Zimefungwa vipi? Si leo ndiyo tumefungua?"

Nilitoka nje nikampigia fundi wa muuzaji. Akanijibu kwa sauti ya mtu anayekunywa chai yake kwa raha.

"Madam, mwaka unahesabiwa tangu siku ile niliziwasha pale kwenu. Mfumo haujui kama mmezitumia. Unajua zimewashwa."

Hakuna aliyekuwa amelifikiria hilo, si mimi, si Meneja, si Mkuu wa Ugavi na ufutio wake. Katika hesabu zetu zote mwaka ulikuwa unaanza siku ya utepe, maana kwetu kila kitu huanza siku ya utepe. Tulikuwa tumelipia mwaka mzima wa kompyuta kufunikwa shuka. Nimeshtuka mara nyingi kazini, lakini ule mshtuko ninausikia kifuani mpaka sasa.

Nikapiga simu Lodwar. Kwa mara ya kwanza Mkuu wa Ugavi hakucheka.

"Nilipe leo, Akiru, nitalipa kwa nini? Bajeti mpya haijafunguliwa. Malipo ya dharura yanataka sahihi ya mwenyekiti wa bodi."

"Mwenyekiti si ndiye huyu yuko hapa?"

Nikageuka nimkimbilie. Vumbi la gari lake lilikuwa limeshafika barabara ya uwanja wa ndege. Kutoka Nairobi alikuwa anaunganisha safari ya ng'ambo, na simu yake ilizimwa kwa siku tatu. Mwenye sahihi alikuwa ametoka mlangoni kwetu sasa hivi na shada la maua shingoni!

Jumatano yote nilihangaika. Nilikiomba chuo kiahirishe, wakasema haiwezekani. Nikawaomba Achol atumie kompyuta ya ofisini kwangu, wakasema si mashine iliyosajiliwa. Nilimwomba muuzaji atufungulie moja tu, moja, kwa siku moja tu. Akasema yeye hana ufunguo, ufunguo uko kwa wenye mfumo, nao hawajui Kakuma iko wapi.

Alhamisi asubuhi Achol alikuja. Alikuwa amevaa blauzi nyeupe iliyopigwa pasi ya makaa na nywele amesuka upya. Hakuuza chai siku hiyo. Nilimketisha kwenye ngazi ya kile chumba, nikamweleza yote, kila neno, kwa sababu sikutaka asikie langoni. Alinisikiliza hadi mwisho akiwa ametazama viganja vyake.

"Khalas," akasema kimya kimya. Basi, imekwisha. Kisha akaniangalia. "Mama, hizi kompyuta zilikuwa zinangoja nani?"

Nililia mbele yake, mimi mtu mzima. Jibu nililijua, lakini lilikuwa jibu la aibu na sikuweza kulitoa mdomoni.

Leseni ililipwa baadaye, bajeti ilipofunguka. Achol alikuja kujifunza pamoja na wengine, akawa mwepesi kuliko wote. Mkuu wa Ugavi alistaafu kabla yangu. Wiki yake ya mwisho nilipokea fomu mpya ya kulinganisha kutoka Lodwar, na chini kabisa ilikuwa na mstari wa mfumo endeshi, umepigwa chapa, si penseli. Hakuandika barua wala neno lolote pamoja nayo. Nilifurahi, ingawa ulikuwa umechelewa.

Mnanitarajia sasa niwape mawaidha, maana sisi wastaafu ndiyo kazi yetu iliyobaki. Haya. Ukichagua kati ya kompyuta mbili, uliza mfumo ni wa kudumu au wa kukodi. Uliza mwaka wa leseni unaanza lini. Kama ni wa bure, uliza nani atawafundisha watu wako, na kama kazi yako unayoitaka inakubali kukaa juu yake. Halafu, ukishanunua, tumia! Kompyuta huzeeka ikitumika na huzeeka ikifunikwa.

Mwaka huu zamu yangu ya kustaafu ikafika. Wenzangu walinifanyia sherehe pale pale kituoni, chini ya hema, na chai na pilau walimwagiza Achol, ambaye sasa ana hoteli yake ndogo karibu na lango. Wiki hiyo alikuwa amenionyesha barua nyingine. Foleni ya miaka ilikuwa imemfikia. Chuo kile kile kilimwita kwa mtihani, na siku hizi hawatumii tena vyumba vilivyosajiliwa, kila mtu hufanya kwa kompyuta anayoileta mwenyewe, mradi mfumo wake uwe halali. Achol hakuwa na kompyuta. Alikuwa anazunguka kambini akitafuta wa kumwazima, na tarehe ilikuwa inamkaribia.

Wenzangu wakaleta zawadi mezani, imefungwa karatasi ya kumeremeta na utepe mwekundu. Nikaipapasa nikajua.

"Mfumo wake wa kukodi au wa kudumu?" nikauliza.

"Wa kudumu, Madam!" wakajibu pamoja, hema zima likaangua kicheko.

Nikaanza kuifungua. Meneja mpya, kijana wa suti, akanishika mkono kwa heshima.

"Tungoje kidogo, Madam. Mgeni wa Heshima ametoka Lodwar sasa hivi. Yeye ndiye atakukabidhi rasmi."

Nilimtazama. Sijui uso wangu ulikuwaje, ila aliuachia mkono wangu mara moja. Nikaupasua utepe kwa meno, nikaichana karatasi, nikafungua boksi, nikatoa kompyuta, nikaiwasha mbele yao wote. Kisha nikamwita Achol, naye akatoka kwenye sufuria ya pilau anafuta mikono kwa leso.

"Keti hapa. Hii ni yako."

"Mama, hapana. Hii ni zawadi yako."

"Ilikuwa yangu dakika moja. Keti."

Akaketi. Akaweka vidole juu ya vitufe, kila kidole mahali pake, bila kutazama. Kioo kikawaka cheupe. Lakini hakuandika. Aliinua macho akamtazama Meneja, akatazama lango, akatazama barabara ya Lodwar, kisha akanigeukia.

"Tunangoja nani, Mama?"

"Hakuna," nikamwambia. "Andika."